Kofia Mkono Gani?

Jumatatu, 6 Oktoba 1952

Jana chai imetoka kwenye mgao wa tangu vita. Bi Pruett wa toroli la chai amemimina leo kama mtu aliyefunguliwa kifungoni, nyeusi tititi, na kila aliyeinywa alikunja uso kisha akarudi kuomba kikombe cha pili. Hilo ndilo tukio kubwa la siku ya kwanza.

Filamu ya wiki kumi na moja. Ni hadithi ya ajali ya treni na uchunguzi unaofuata. Piers Lorrimer ni mhandisi kijana anayesingiziwa. Desmond Carrow ndiye mwongozaji. Mimi, Bi Una kwa wote hapa, ni karani wa mfuatano. Naandika sigara imebaki inchi ngapi, kifungo kipi kimefunguliwa, glasi imejaa hadi wapi, mkono gani umeshika nini. Filamu haipigwi kwa mpangilio wa hadithi. Mtu hufungua mlango Oktoba akatokea upande wa pili Desemba, na bila daftari langu angetokea amevaa tai nyingine. Nina miezi kumi na minne katika kazi hii na sijakosea hata mara moja. Mama anashangaa kwamba miaka minane ya Kilatini imeishia kuhesabu vifungo vya watu. Mimi naona ni Kilatini kilekile: viishio lazima vikubaliane.

Jumanne, 7 Oktoba

Mvua. Picha tisa.

Alhamisi, 9 Oktoba

Amekuja Aubrey Thackrah, anayecheza Amos, mzee wa kibanda cha ishara za reli. Ukitaja jina lake hakuna anayemjua. Ukionyesha uso wake kila mtu husema, aa, huyu! Ana filamu arobaini na tatu. Katika kumi na tisa alikuwa polisi, kwa hiyo mafundi wote humwita Afande.

"Afande! Leo unamkamata nani?" fundi taa alimpigia kelele kutoka juu darini.

"Wewe, ukiniangushia hiyo taa."

Ana miaka hamsini na sita, ni mtu wa Yorkshire, wa miji ya viwanda vya sufu. Lafudhi yake huitia mfukoni akiwa polisi wa London na kuitoa akiwa mtu wa reli. Ana adabu za mtu aliyezoea kungojea: kiti chake hukiweka pasipo njia ya mtu. Nimeandika: koti la vifungo vinne, cha tatu kimelegea; kofia ya kazi; ni mashoto.

Nilimwona kama samani nzuri. Naandika hivi kwa sababu ndivyo nilivyomwona.

Jumatatu, 13 Oktoba

Tumepiga picha ya ukumbini. Amos ameitwa kutoa ushahidi. Anatembea kwenye ukumbi mrefu, kofia mkononi, anafungua mlango wa chumba cha uchunguzi na kuingia. Nyuma ya mlango huo hakuna chumba. Kuna ukuta wa mbao na ndoo ya mchanga wa kuzimia moto. Chumba kitajengwa Desemba, na hapo ndipo ataonekana amefika.

Zoezi la kwanza alishika kofia kushoto. La pili, kulia. Nilisimama.

"Bwana Thackrah, kofia imehama."

"Imehama? Haikuniaga. Basi nichagulie wewe, binti."

"Mimi sichagui. Chagua wewe, kisha usibadilishe mpaka Desemba."

"Kushoto, basi. Mkono wangu wa kulia ndio huo wa kushoto."

Mafundi walicheka. Mimi sikucheka. "Kushoto," nilimwambia. "Ni kushoto daima."

Alinipigia saluti ya kipolisi. Picha ya tatu ilipita, na mpiga picha za kumbukumbu akatupigia moja ya kuweka kwenye faili langu: mlango, mgongo, kofia, mkono wa kushoto.

Ijumaa, 17 Oktoba

Picha saba. Bwana Lorrimer amekatwa nywele bila kuniuliza. Tumemvisha kofia kwa picha tatu zilizobaki.

Ijumaa, 24 Oktoba

Wakati wa chai Thackrah hukaa na fumbo la maneno la gazeti na kalamu ya wino. Hatumii penseli. Leo alinisogelea.

"Wewe umesoma. Herufi saba: kiishio kinachokubaliana na jina."

"Hilo halimo gazetini. Umelitunga."

"Nimelitunga nipate kuanza mazungumzo. Bi Pruett anasema ukiulizwa jambo la kawaida hujibu."

Aliniambia kuhusu hotuba yake. Mwisho wa filamu Amos anasimama mbele ya tume na kusema kwamba aliyevuta wenzo vibaya ni yeye, si mhandisi kijana. Dakika nne. Carrow anataka ipigwe kwa mkupuo mmoja.

"Maneno mengi kuliko yote niliyowahi kupewa kwa pumzi moja yalikuwa mistari kumi na moja," alisema, "na nilikuwa namsomea mtu mashtaka yake. Miaka ishirini na sita, binti. Nafungua mlango, nasema 'Ameshafika, bwana', nafunga mlango. Uso wangu wameupiga kwa mbali, kwa ubavu, na kwa nyuma. Kwa nyuma nimepigwa sana. Wapenzi wa shingo yangu wapo wengi."

"Na uso wa karibu?"

"Bado. Lakini sasa nina dakika nne. Mtu akisema dakika nne, hata kamera itaona haya isipomwangalia."

Alisema hivyo kwa mzaha, lakini kalamu aliifunika taratibu sana. Nilirudi kwenye meza yangu nikagundua nimekunywa chai yote bila kuandika saa ya kuanza tena.

Jumanne, 4 Novemba

Carrow ameamua. Alikuwa anapanga picha za Desemba kwenye karatasi, mimi nikiandika.

"Hotuba ya Afande. Tunampiga kwa mbali akiingia na kusimama, kisha akianza kusema tunahamia kwa Piers. Uso wa Piers akisikiliza, dakika zote nne. Watu wanalipia kumwona Piers. Afande atasikika, kuonekana si lazima."

"Uso wake hatuupigi kabisa?" niliuliza. Si kazi yangu kuuliza.

Aliniangalia kama mtu aliyesikia kabati likikohoa. "Wa nini?"

Habari zilimfikia Thackrah kabla ya chai. Hapa habari husafiri na toroli. Bi Pruett alimpa andazi la pili. Yeye alisema, "Sauti nayo ni kitu. Mama yangu alikuwa kipofu miaka sita ya mwisho, na hakuna filamu yangu aliyoikosa."

Jumatano, 5 Novemba

Fataki nje, kama kila tarehe 5 Novemba. Sauti imeharibu picha mbili.

Jumanne, 11 Novemba

Serikali imeuhamishia Jumapili ukimya wa kuwakumbuka waliokufa vitani, lakini mafundi wa hapa, wengi wao wa vita vile vya kwanza, hawakubali kuhamishwa. Saa tano kamili taa zilizimwa, kila mtu akainamisha kichwa.

Saa tano na dakika moja, katikati ya ukimya huo, kikombe kilianguka kikavunjika. Kilikuwa cha Thackrah. Hakuna aliyeinua kichwa. Kila mmoja alidhani anajua mzee alichokuwa anakumbuka. Mimi niliinua. Hakuwa na sura ya mtu anayekumbuka. Alikuwa anautazama mkono wake wa kushoto kama mtu anavyomtazama mtumishi aliyemjibu vibaya.

Niliandika kwa mazoea: kikombe, kushoto, 5.01.

Ijumaa, 14 Novemba

Baridi. Kwenye kibanda cha ishara Thackrah amecheza siku nzima mkono wa kushoto ukiwa mfukoni. Carrow amependa. "Endelea hivyo, Afande. Kuna siri mle mfukoni." Nimeandika: mkono wa kushoto mfukoni, picha zote.

Jumatano, 19 Novemba

Mvua ya barafu. Bwana Lorrimer ana mafua, kwa hiyo tulikaa bure tangu saa nane mchana, nami nikarudia kusoma daftari langu toka mwanzo. Huwa nafanya hivyo kutafuta makosa. Sikupata kosa. Nilipata kitu kingine.

Oktoba: wenzo, kushoto. Taa, kushoto. Kofia, kushoto. Kijiko, kushoto. Mpaka tarehe 10 Novemba kila kitu ni kushoto. Baada ya kikombe cha tarehe 11, kushoto hakushiki kitu tena. Mara moja tu, tarehe 13: "amejaribu kufunga kifungo kwa kushoto, ameacha." Niliandika hilo nisijue naandika nini. Nimekuwa namfungulia mtu jalada la ugonjwa wake, siku kwa siku, kwa mwandiko safi.

Nilikwenda kuangalia gazeti alilokuwa ameliacha kitini. Fumbo lilikuwa limejazwa nusu. Herufi zilikuwa za mtoto wa darasa la kwanza: kubwa, zimelala, zinagongana na kuta za visanduku. Kwa mkono wa kulia.

Kila jioni nachapa ripoti ya siku kwa meneja wa kampuni. Kuna mstari usemao: Waigizaji, afya. Mtu akiandikwa mgonjwa, daktari wa bima huja kesho yake. Mwezi wa Mei, katika filamu nyingine, alikuja kumpima mwanamke mmoja aliyezimia, na kufikia saa sita mchana mwanamke mwingine alikuwa amevaa gauni lake. Filamu ina dhamana. Haiwezi kumbeba mtu atakayeanguka katikati. Hiyo si roho mbaya. Ndiyo kanuni, na mimi napenda kanuni.

Niliandika: Bwana Lorrimer, mafua. Wengine, njema.

Nimeisoma tena mara tatu hiyo "njema". Ni neno la kwanza katika miezi kumi na mitano ambalo nimeliandika bila kuliona kwa macho.

Ijumaa, 21 Novemba

Nimemkuta nyuma ya ukuta wa kibanda, kwenye ngazi ya mafundi, anajaribu kukunja na kukunjua vidole. Nilikuwa nimepanga maneno. Hayakutoka kama nilivyoyapanga.

"Toka tarehe kumi na moja," nilisema.

Hakuuliza nini. "Toka usiku wa tarehe kumi. Niliamka mkono haupo. Kisha ulirudi, nusu. Una macho ya fundi saa, binti. Nilijua ni wewe utakayeniona."

"Umemwona daktari?"

"Nikimwona daktari, naye ataniona. Mpaka tarehe nane Desemba, siku ya hotuba, mimi sitaki kuonwa na daktari. Baada ya hapo na anione, anifungue, anitie kwenye chupa."

"Mficha maradhi…"

"Kilio humfichua. Najua. Marehemu mke wangu alikuwa muuguzi. Nimeusikia huo kuliko sala." Aliinua mkono wa kushoto kwa ule wa kulia akauweka gotini, kama anayemlaza paka. "Sikuombi uongo. Wewe si mtu wa hivyo. Nakuomba usiandike usichoulizwa."

"Na kama hotuba haitaonekana? Carrow ameshasema. Utahatarisha nafsi yako kwa sauti?"

Alicheka kidogo. "Wewe unafikiri mtu hufanya kazi hii ili aonekane. Mimi pia nilifikiri. Lakini yale maneno ni mazuri, Bi Una. Ni ya mtu mdogo anayesema, hili nililifanya mimi. Nimecheza polisi kumi na tisa nikiwalazimisha watu kusema hivyo, na hakuna hata mmoja aliyelisema vizuri. Nataka lisemwe vizuri mara moja."

Nilisimama pale nikiwa na daftari kifuani.

"Kuna tatizo moja," nilisema. "Kofia."

Alifumba macho. Alikuwa hajakumbuka. Mbele ya tume mtu wa reli hawezi kusimama na mkono mfukoni. Na alikwisha kuingia mlango ule Oktoba, kofia mkono wa kushoto. Lazima atokee upande wa pili nayo mkono uleule.

"Naweza kuishika," alisema.

"Ishike sasa."

Aliishika. Nikahesabu kwa saa yangu ya sekunde. Sekunde tisa, kisha ikaanguka.

"Dakika nne," nilisema, na nikaondoka, kwa sababu sikujua la kufanya na uso wangu.

Jumatatu, 24 Novemba

Picha kumi na moja. Afya: njema.

Ijumaa, 28 Novemba

Afya: njema. Bi Pruett ameanza kumpa Thackrah chai nusu kikombe. Nilipomtazama alisema, "Nini? Macho unayo peke yako?"

Jumanne, 2 Desemba

Nimejaribu kuandika hapa ninachofikiri, na kila sentensi inaanza na neno "kanuni". Nimezifuta zote.

Ijumaa, 5 Desemba

Ukungu. Si ule wa kawaida. Ni wa manjano, una ladha ya makaa, unang'ang'ania kooni. Nusu ya mafundi hawakufika. Umeingia hata ndani ya jukwaa la kupigia picha kupitia milango mikubwa. Chumba cha uchunguzi kimekamilika, meza ndefu, viti vitatu vya tume. Ukisimama mlangoni huvioni.

Jumamosi, 6 Desemba

Ukungu. Leso yangu nyeusi.

Jumatatu, 8 Desemba

Nitaandika kama ilivyotokea.

Niliamka saa kumi na moja alfajiri, na kutoka kituo cha treni nilitembea nikishika ukuta. Ukungu ni wa siku ya nne. Carrow alikuwa amefika, macho mekundu. Gari la Bwana Lorrimer lilikuwa limekwama njiani. Dereva alipiga simu kutoka kwenye baa iliyofungwa, hajui ni baa gani. Na kesho chumba hiki kinavunjwa. Filamu nyingine inahitaji jukwaa.

"Afande yuko wapi?" Carrow aliuliza.

"Niko hapa," ilisema sauti kutoka mahali pasipoonekana kitu. Alikuwa amekaa kwenye kiti chake, pasipo njia ya mtu, tangu saa moja asubuhi. Alikuwa amekuja kwa miguu kutoka kituoni akifuata reli ya uzio kwa mkono wa kulia.

Waliwasha taa zote. Ikawa mbaya zaidi: mwanga uligonga ukungu ukageuka pazia jeupe. Mpiga kamera alitazama, akaondoa jicho.

"Kwa mbali namwona mzuka aliyeshika kitu. Nitampata akiingia, kwa shida. Hotuba kwa mbali, haiwezekani."

"Basi sogea."

"Kiasi gani?"

Carrow alipunga mkono, amechoka. "Mpaka umwone, bwana. Tupate maneno yake. Uso wa Piers tutaupiga wiki ijayo, tutauweka juu yake." Kisha akageuka kwangu, kama alivyogeuka mara elfu. "Bi Una. Kofia mkono gani?"

Thackrah alikuwa amekwisha kuishika kwa mkono wa kushoto. Nilikuwa hatua mbili kutoka kwake. Vidole vilikuwa vyeupe, na kofia ilikuwa inatetemeka kama kitu chenye uhai. Picha ile ya Oktoba ilikuwa ndani ya faili langu, chini ya kidole gumba changu.

Nilifungua daftari. Sikuhitaji kulifungua. Nilitazama ukurasa ambao niliuandika mwenyewe, neno ambalo niliandika mwenyewe, na kupigia mstari.

"Kulia," nilisema.

Kisha kutoka juu darini, yule fundi taa: "Si ilikuwa kushoto? Nakumbuka tulicheka."

"Wee, unabishana na Bi Una?" alisema mwenzake. "Mwanamke anajua mkewe Nuhu alipanda safina kwa mguu gani."

Wakacheka. Carrow hakuinua hata kichwa. "Bi Una akisema kulia ni kulia. Afande, badilisha."

Thackrah hakusogea. Alikuwa ananiangalia. "Binti," alisema polepole, "una hakika? Nisije nikakuharibia."

"Kulia, Bwana Thackrah," nilimwambia. "Ni kulia daima."

Akahamisha kofia. Mkono wa kushoto ukateremka ubavuni, ukatulia.

Aliingia, akasimama, kisha akageuka kuondoka; walimpata kwa mbali mara moja, kivuli chenye kofia. Kisha kamera ilisogezwa, ikasogezwa tena, mpaka ikawa karibu kama daktari wa macho. Hapakuwa na ukungu kati yake na uso wa Thackrah. Nilibonyeza saa.

Alisema dakika nne na sekunde kumi na moja. Hakupandisha sauti. Ukungu ulikuwa umemharibu koo, na lile koo lilikuwa la mtu aliyekaa usiku mwingi peke yake kibandani. Upande wa kushoto wa mdomo ulichelewa kidogo nyuma ya ule wa kulia; kwa mtu asiyejua ilikuwa ni uzito wa jambo lenyewe. Pale maandiko yanaposema, "Niliiona ishara," yeye alisema, "Niliitazama ishara." Kazi yangu ni kusimama na kusema neno limebadilika. Kuona ni bahati mbaya. Kutazama ni kosa lako. Sikusimama.

Mwisho wa hotuba ni maneno matatu: kosa ni langu. Aliyasema kama mtu anayerudisha kitu alichoazima.

Carrow alisema "Kata" kwa sauti ndogo. Bi Pruett alikuwa amesimama na toroli, amepita saa ya chai kwa dakika sita, na hakuna fundi aliyelalamika, jambo ambalo sijawahi kuliona hapa.

Niliandika ripoti. Kofia, kulia. Maneno, kama yalivyoandikwa. Waigizaji, afya: njema. Mistari mitatu, uongo mara tatu, na herufi hazikutetemeka.

Jumanne, 9 Desemba

Ukungu umeondoka. Wamevunja chumba. Thackrah amemaliza kazi yake kwetu; aliaga kila mtu kwa jina. Kwangu alisema tu, "Sasa nakwenda kuonwa."

Alhamisi, 18 Desemba

Uso wa Bwana Lorrimer akisikiliza. Dakika nne, mara sita. Anasikiliza vizuri sana, kwa mtu ambaye hakuna anayesema naye.

Jumatano, 14 Januari 1953

Maud Skerry, anayeikata na kuiunga filamu, ameniita chumbani kwake. Ana miaka sitini, mkasi shingoni, biskuti mfukoni.

"Njoo uone kiroja. Kofia yako imeruka."

Alinionyesha kwenye mashine. Ukumbini: kushoto. Mlango. Ndani: kivuli, kulia.

"Kosa ni langu," nilisema.

"Hilo najua. Nauliza limetoka wapi. Wewe hukosei, inakera, lakini hukosei."

Alikula biskuti akinitazama. Kisha akaizungusha filamu mpaka kwenye uso wa Thackrah, akaiacha ipite taratibu, fremu kwa fremu. Alisimamisha kidole kwenye pembe ya mdomo.

"Baba yangu alikuwa hivi," alisema. "Mwaka mmoja kabla hajafa." Akafuta makombo ya biskuti kidoleni. "Haya. Sikiliza tatizo langu. Mtu ameingia mlangoni. Lazima watu wamwone amefika, la sivyo watamtafuta chumba kizima. Siwezi kuonyesha amefika na kofia mkono wa kulia, watacheka. Siwezi kwenda moja kwa moja kwa kijana wetu mwenye nywele, watauliza anasikiliza nini. Kimebaki kitu kimoja. Mlango, halafu uso huu. Na niukalie mpaka watu wausahau mkono. Kisha ndipo nimpe Piers zamu yake."

"Carrow hakutaka."

"Carrow hakutaka kofia nayo irukeruke. Nitamwambia ni kwa ajili ya kosa la msichana wa mfuatano. Utakubali?"

"Ndiyo."

"Hatakuchukua kwenye filamu yake ya Ireland."

"Najua."

Alikata. Alitumia muda mfupi kuliko ninaotumia kuchonga penseli.

Ijumaa, 30 Januari

Barua ya Carrow, ya adabu. Ireland anakwenda na mwingine. Sikulia. Niliandika tarehe niliyoipokea.

Jumamosi, 21 Machi

Barua ya Thackrah kutoka Yorkshire, anakokaa kwa dada yake. Hatembei, lakini anasema anamshinda dada kwa karata. Herufi kubwa, zimelala, za mkono wa kulia. Mistari minne ya maneno ya kawaida, kisha: "Maud Skerry kanipigia simu kwa jirani akaniambia neno moja, 'uso', nikadhani simu ni mbovu. Filamu haijafika huku. Wewe una saa. Sekunde ngapi?"

Alhamisi, 16 Aprili

Nimekwenda kuiona filamu yetu Hammersmith, saa nane mchana. Mvua nje, ndani watu thelathini hivi, wengi wakikausha makoti. Pipi nazo zimetoka kwenye mgao, na mbele yangu walikaa wanawake wawili na mfuko mzima kati yao.

Nilikuwa na saa mkononi, kidole juu yake. Ukumbi. Kofia, kushoto. Mlango. Kisha uso wake, mkubwa kama nyumba. Nikabonyeza.

"Huyu si yule afande?" alinong'ona wa kwanza.

"Huyo huyo. Yumo kila mahali. Jina lake nani?"

"Sijui. Lakini mtazame."

Kutafuna kukakoma. Nilitazama pia. Nilipoikumbuka saa, ilikuwa bado inakimbia, Piers alikuwa amekwisha kusikiliza muda mrefu, na mimi sikuwa na namba yoyote. Haijawahi kunitokea.

Mwisho wa hotuba Carrow aliacha picha ya mbali kidogo tu, kivuli kinageuka kuondoka.

"We," alisema mwanamke wa kwanza, "kofia si ilikuwa mkono ule mwingine?"

"Nyamaza," alisema mwenzake. "Mwache mzee aende."

Hammersmith filamu haisimami. Ikiisha huanza tena, na aliyelipa mara moja anaweza kukaa mpaka wafunge. Nilikaa. Nilitazama habari, nikatazama katuni, nikatazama treni ikianguka upya, nikangojea ule mlango, na safari hii niliangalia saa tu na si kitu kingine.

Nimenunua kadi ya posta ya kumpelekea Thackrah na kuiandika kwenye kaunta, kwa wino. Nimeandika: "Kumi na tisa." Kisha, kwa kuwa ripoti lazima iwe kamili, nikaongeza chini: "Kofia imeonwa na mtu mmoja. Akanyamazishwa."